Vitanda Viwili vya Jukwaani

Seremala wa ukumbi wa maigizo pale Nakuru hakuamini macho yake, aliamini chai. Sakafu ya jukwaa ilikuwa imebonyea katikati, kwa hiyo kila meza aliisukumia kabari chini ya miguu, akaweka kikombe juu, akainama kutazama kama chai imelala sawa. Mwaka 1973 Mwalimu Umesh alileta mchezo kuhusu wanaume wawili wa London ya miaka ya hamsini, wapenzi, wanaoliandikia bunge barua liache kuwafunga watu kama wao. Kamati ya ukumbi ilikubali kwa sharti moja: vitanda viwili, kila kimoja upande wake. Seremala akaunda viwili, vya magurudumu. Jumamosi alasiri, kamati ikiwa safu ya mbele, wale wawili waliinuka vitandani kusoma barua yao, na nyuma yao vitanda vikaanza kuteremka taratibu mpaka vikagusana. Barua ikasomwa hadi mwisho. Umesh alimkuta seremala nyuma ya pazia anakunywa chai, kabari mpya zimepangwa kando yake, zimepigwa msasa vizuri.

“Fundi, leo umesahau kabari?”

“Miaka tisa, mwalimu,” akasema, “sijazisahau hata siku moja.”