Nukta Nyingi Juu ya Nyumba Moja ya Kariakoo

Niliondoka kijijini kwa sababu ya mto. Mama yetu alifia ukingoni wakati wa masika, amelazwa kwenye machela, akisubiri maji yapungue avushwe kwenda hospitali. Baba alimfuata mwaka huohuo. Mimi, Felista, nilikuwa darasa la nne. Niliacha shule nikawalea wadogo zangu, na wakati wa safari hii anayenifuata, Yustina, alikuwa ameolewa na ana mimba ambayo, kwa hesabu za wanawake, ingetimia masika yakiwa yamepamba moto.

Serikali ilikuwa imekubali kutujengea zahanati moja. Kijiji chetu cha ujamaa kilikuwa na vitongoji viwili, Barabarani na Ng'ambo, na mto ulipita katikati. Wa Barabarani walitaka zahanati iwe kwao, penye lori la dawa. Sisi wa Ng'ambo tuliitaka kwetu, na kila mkutano uliishia kwa watu kuondoka bila kuagana.

Kiangazi kilichopita alikuwa amekuja mtafiti kutoka Dar es Salaam, dada wa Kichaga aitwaye Ndeshi, nami nilimzungusha nyumba hadi nyumba akichora. Aliniambia nikimfuata mjini atanionyesha namna ya kuiuliza ramani swali. Wazee wa Ng'ambo wakanichangia nauli ya treni. Hawakunificha walichotaka: nirudi na karatasi itakayomnyamazisha Mwenyekiti wa kijiji, ambaye nyumba yake iko Barabarani. Mimi sikuhitaji kusukumwa. Nilikuwa namwona Yustina kwenye machela kila nikifumba macho.

Asubuhi, stesheni ya Dar es Salaam. Niliteremka na mkungu wa ndizi kichwani na nguo zangu kwenye kikapu. Ndeshi alinipokea, akautwaa mkungu, tukatembea hadi Mchafukoge, alikokuwa akikaa na baba yake mdogo mwenye duka la vyombo. Duka lilikuwa chini, wao walikaa juu ghorofani. Sijawahi kuona mtaa wenye kelele za namna ile: mikokoteni, mafundi cherehani vibarazani, mtu akinadi sabuni kama anahutubia mkutano wa hadhara. Baba mdogo aliniamkua kwa kicheko akauliza kama ndizi hizo ni za kupika au za kuiva. Nilipomwambia ni za kupika alisema, "Basi huyu ni mgeni wangu, si wako."

Mchana, ghorofani. Nilitarajia kuona meza ya kuchorea. Badala yake Ndeshi alinipeleka kwenye dirisha kubwa la sebuleni, lililoelekea mabati ya Kariakoo, akaanza kubandika karatasi kwenye kioo. Zilikuwa karatasi nyembamba za wachora ramani, zinazopitisha mwanga.

"Hii ni mitaa na nyumba," alisema, akibandika ya kwanza. "Hizi hapa ni hospitali na kliniki. Hii ya buluu ni mahali maji ya Jangwani yanapofika mvua ikizidi. Na hii ya mwisho ni ya kina mama."

Hiyo ya mwisho ilijaa nukta nyekundu. Yeye na wanafunzi wake walikuwa wamepita kwa kina mama wenye watoto wachanga wakiwauliza jambo moja: siku ya uchungu, ulitoka nyumba gani kwenda hospitali? Kila jibu nukta moja. Karatasi zilipolala moja juu ya nyingine, jua likipita ndani yake, mambo manne niliyoyaona mbalimbali yakawa jambo moja. Niliona nani yuko mbali, nani yuko karibu, na nani yuko karibu lakini maji yanamkatia njia. Siku hizi nasikia kazi hiyo hufanywa na kompyuta, tabaka juu ya tabaka, kwa kufumba na kufumbua. Naamini. Mimi niliiona ikifanywa kwa jua na kioo, na sijaacha kuistaajabia.

"Sasa angalia bondeni," Ndeshi alisema.

Jangwani nyumba zilikuwa nyingi, nukta chache mno. Lakini Kariakoo, kwenye Mtaa wa Mchikichi, nukta zilirundikana juu ya nyumba moja kama siafu juu ya mfupa.

"Wenzangu kazini wanasema ni kosa. Ati wanafunzi walichoka na jua wakajaza nyumba moja. Wanataka nizifute."

"Na wewe?"

"Mimi nataka kwenda kupiga hodi."

Kesho yake, Kariakoo. Tulipita soko jipya, jengo lenye paa kama miamvuli ya saruji, nikasimama kulitazama mpaka Ndeshi akanivuta mkono. Mtaa wa Mchikichi ulikuwa na nyumba za vyumba sita, ukumbi katikati na ua nyuma. Mwenye nyumba tuliyoitafuta alikuwa uani akipara samaki aliotoka nao soko la Feri. Aliitwa Bibi Zaina, Mzaramo, mwembamba, kanga ameifunga kifuani.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, wanangu. Kama mmekuja kuhesabu watu, walishakuja. Sijaongezeka."

"Bibi, kwenye ramani yangu nyumba yako imejaa kuliko soko," Ndeshi alisema.

"Basi ifagie." Hakuinua kichwa. "Wewe mtu wa wapi?"

"Machame, Bibi."

"Nilijua. Mchaga akisikia kuna nyumba imejaa, anataka kujua kodi ni kiasi gani."

Ndeshi alicheka akaketi kwenye kinu kilichopinduliwa, akachukua kisu cha pili, akaanza kupara samaki. Hapo ndipo Bibi Zaina alipomtazama vizuri. Baadaye kidogo alituonyesha kwa kidevu chumba cha uani, mlango ukiwa wazi. Ndani kulikuwa na vitanda viwili vya kamba na chandarua. Mlangoni aliketi mwanamke mwenye mimba kubwa akichambua mchele.

"Huyo ni Mwajuma wa Jangwani. Kabla yake alikuwapo mwingine, na baada yake yupo anayekuja. Chumba hiki sipangishi. Mwanamke wa bondeni mimba ikikaribia anapanda huku na mkeka wake. Uchungu ukianza, hospitali si mbali. Akijifungua anarudi hapa, akipata nguvu anateremka kwake."

"Kwa hiyo zile nukta ni za kweli," Ndeshi alisema polepole.

"Nukta gani? Hao ni watu."

Nilimgeukia Mwajuma. "Lakini masika bado, dada. Anga jeupe."

"Mimi sisubiri mawingu," alijibu, akitupa kijiwe cha mchele. "Nikiyaona mawingu, nimeshachelewa. Mume wangu anailinda nyumba kule chini, Bibi ananilinda mimi."

"Na ananimalizia mchele," Bibi Zaina alisema.

Nikamuuliza Bibi alianzaje. Aliosha mikono kwanza. "Mwanangu wa kike alikuwa anakaa bondeni. Usiku ule maji yalifika kwake kabla yangu." Akaokota samaki mwingine. Sikumweleza habari za mama yangu. Nilishika ndoo nikaenda kumchotea maji.

Alasiri, Jangwani. Tuliteremka kuona nyumba ya Mwajuma. Bonde lilikuwa kavu, vijana wakicheza mpira, vumbi tupu. Lakini ukutani, juu ya usawa wa kiuno changu, kulikuwa na mstari wa tope uliokwenda nyumba hadi nyumba, umenyooka kama umechorwa kwa rula. Ndeshi aliweka kiganja juu yake, akafungua karatasi ya buluu, akalinganisha. Ndipo nilipofahamu kazi yake ilivyo. Ramani ilimwambia aende wapi. Kilichokuwapo alikwenda kukiuliza kwa miguu yake, kisha akairudia ramani.

Siku iliyofuata, dirishani. Sasa ilikuwa zamu ya kijiji chetu. Ndeshi alikuwa ameiweka michoro ya kiangazi. Alibandika nyumba, akabandika njia, kisha akanipa kalamu ya buluu na karatasi tupu. "Chora maji ya masika. Mimi nimeuona mto wenu ukiwa mkavu tu."

Nilichora ninavyoujua: kivuko, kingo zinazomeguka, mbuga inayogeuka ziwa. Tukazilaza pamoja. Nikaiweka nukta ya zahanati Ng'ambo, mahali wazee walipopachagua.

Nilitazama kwa muda mrefu. Maji yalizitenga nayo nyumba zote za Barabarani, na ndizo nyingi. Yalilizuia lori la dawa, yakaikata na njia ya hospitali ya wilaya. Nilihamisha nukta kidogo kusini, kidogo kaskazini. Kila mahali Ng'ambo jibu lilikuwa lile lile: tungepata jengo, na ndani yake masika yangekuta makabati matupu. Mwenyekiti alikuwa sahihi, na mimi nilikuwa nimetumwa na watu wangu kumnyamazisha.

"Unaweza kunichorea tofauti?" nilimuuliza Ndeshi.

"Naweza. Mkono ni wangu. Lakini mto hautaiona karatasi hiyo."

Nikaketi sakafuni. Nilimfikiria Yustina, nikamfikiria Mwajuma na mchele wake. Kisha nikasimama tena nikaweka kidole Barabarani, kwenye nyumba ya kwanza ukishavuka kivuko.

"Hiyo ya nani?" Ndeshi aliuliza.

"Ya Mwenyekiti," nilisema, na tukaanza kucheka mpaka baba mdogo akapanda kutoka dukani kuuliza kuna nini.

Kurudi. Bibi Zaina alinifungia samaki wa kukaanga kwenye gazeti. "Mwambie mdogo wako asisubiri mawingu," alisema.

Kijijini, mkutano ulifanyika darasani. Nilibandika karatasi dirishani moja baada ya nyingine, nikieleza kama nilivyoelezwa. Nilipoweka nukta ya zahanati Barabarani, mzee mmoja wa kwetu akasema, "Kwa nauli yetu umemnunulia Mwenyekiti zawadi." Mwenyekiti alitabasamu, akaegemea kiti.

"Mzee, njoo uguse," nilimwambia yule mzee. "Ukiweza kuyahamisha haya maji ya buluu, nami nitaihamisha nukta." Alikuja. Alifuata mto kwa kidole mpaka mahali mama alipofia, akarudi kwenye nafasi yake. Nikamgeukia Mwenyekiti.

"Ndugu Mwenyekiti, nyumba ya kwanza baada ya kivuko ni ya nani?"

"Ni yangu. Unajua."

"Na kile chumba cha nyuma?"

Tabasamu lilipungua. "Kina kuku."

Nikawasimulia habari za chumba cha uani na za Mwajuma. Mwenyekiti alianza kueleza habari za kamati na utaratibu. Mkewe, Mama Sabina, alimkatiza kutoka upande wa wanawake. "Kuku wana mabawa," alisema. "Watahama wenyewe. Felista, mlete Yustina." Darasa zima likaangua kicheko, na zahanati ikapitishwa bila mtu kuondoka kwa hasira.

Yustina alivuka na mkeka wake anga likiwa jeupe, maji yakimfika kifundoni. Masika yalikuja mabaya. Mto ulijaa ukakaa umejaa, nami nikabaki Ng'ambo na wadogo zangu, nikienda ukingoni kila asubuhi. Homa za upande wetu mwaka ule tulizitibu kwa mizizi na subira, sitasema uongo. Asubuhi moja nilimwona Mwenyekiti amesimama ukingo wa pili. Alipiga kelele, lakini maji yalizimeza. Basi yule mtu mzito, asiyecheka na mtu, akakunja mikono kifuani na kuanza kubembeleza mtoto asiyekuwapo, kushoto na kulia, huku akitikisa kichwa kwa furaha. Niliketi palepale kwenye tope nikalia.

Karatasi zile ninazo. Jioni ile niliweka nukta nyekundu juu ya nyumba ya Mwenyekiti, na kila masika yaliyofuata niliongeza nyingine. Sasa zimerundikana pale kiasi kwamba mgeni akiziona hudhani kalamu iliniteleza. Simbishii. Namwonyesha njia ya kivuko, nikamwambia akifika nyumba ya kwanza apige hodi.