Siku Niliyofungwa Mikono Mbele ya Kamera

Nilianza kuandika michezo ya kuigiza nilipokuwa mwalimu kijana Nyamira, nikiwatayarisha wanafunzi kwa tamasha za shule. Baadaye nikaingia kwenye miswada ya filamu, na kwa kuwa waigizaji walikuwa haba, nikaigiza pia. Watu hudhani ni kazi ya raha. Mimi nikiikumbuka, kinachonijia kwanza ni kichefuchefu.

Muswada niliouthamini kuliko yote ulimhusu mjane aliyekuwa jirani yetu, upande wa Nyamache. Mama alipokwenda kuchuma majani chai, yeye ndiye aliyeninywesha uji. Tulimwita magokoro, yaani nyanya, ingawa hatukuwa damu moja. Nilipokuwa chuoni, mtoto alifariki pale kijijini, watu wakasema magokoro amemroga. Wakamfunga ndani ya nyumba yake, wakaitia moto. Mvua kubwa ikanyesha, moto ukafifia, akajikokota hadi katikati ya michai, akaokoka. Binti yake akamchukua akakae naye Nyamira. Hakuna aliyeshtakiwa.

Alinisimulia yote, ila akaniomba nisiandike jinsi alivyofungwa. Sikuandika.

Mtayarishaji kutoka Nairobi aliusoma muswada, akatikisa kichwa. "Mwalimu, hii ni nzito mno. Watu wanataka kucheka. Huyo mjane mcheze wewe. Mwanamume akivaa gauni, watazamaji hawana mbavu."

Nilichukia, lakini nikakubali. Nilidhani nikiwa mimi ndani ya gauni hilo, nitamlindia heshima yake.

Tulirekodi nje kidogo ya Mosocho. Wakanipaka majivu usoni, wakanivalisha meno bandia ya njano, wakanipa na kuku nimkumbatie. Kundi la wachomaji lilichezwa na watu wa kwetu niliowaleta mwenyewe, maana mtayarishaji alitaka sura za kijijini. Miongoni mwao alikuwamo mzee wa kanisa, mtu wa suti na tai, aliyetuombea katika kila mazishi nyumbani.

Vijana wawili walinilaza chini, wakaanza kunifunga mikono kwa kamba ya nailoni. Yule mzee akacheka.

"Sivyo," akasema. "Hivyo atajifungua. Shika vidole gumba tu, nyuma ya mgongo. Na kamba iwe ya mgomba. Moto unaila yote, haibaki alama."

Akapiga magoti, akanifunga mwenyewe. Mikono yake ilikuwa mikavu, yenye joto, na haikusitasita. Alinukia sabuni ya kuogea. Ndivyo hasa magokoro alivyonieleza: vidole gumba, kamba ya mgomba.

"Safi sana!" mtayarishaji akapiga makofi. "Mzee, rudia hiyo, kamera ikuone vizuri!"

Mzee akainyoosha tai yake, akarudia. Watu wakacheka. Nilitapika juu ya lile gauni, nao wakazidi kucheka, wakidhani naigiza. Mpiga picha hakuzima kamera.

Waliponifungua nilimfuata. "Mzee, hayo uliyajulia wapi?"

"Mambo ya zamani, mwalimu. Watu husimulia." Hata jicho halikumcheza. Akaniuliza kama chakula cha mchana kitaletwa.

Nilivua gauni, nikaondoka. Kesho yake nikaenda kwa chifu. Alinisikiliza akikoroga chai yake.

"Alikuwa anaigiza," akasema.

"Hakuna aliyemwandikia maneno yale."

"Lakini si wewe uliyempeleka aigize? Utamshtaki mtu kwa kuigiza vizuri?" Akanisogezea kikombe changu. Nilikiacha mezani, nikatoka.

Niliagiza jina langu liondolewe kwenye filamu. Walimtafuta mwanamume mwingine wa kuvaa gauni, filamu ikakamilika. Siku moja, sokoni Daraja Mbili, mwuza mitumba aliniita nije nione kichekesho kwenye simu yake. Mzee alikuwa pale kiooni, akifundisha kufunga. Mwuzaji alicheka mpaka akaegemea rundo la nguo.

Nilimwendea magokoro Nyamira, nikamweleza kabla hajasikia kwa wengine. Aliendelea kumenya ndizi.

"Sauti yake niliitambua siku ileile waliponifunga," akasema. "Lakini binti yangu ana watoto, nao wanapita njia zilezile anazopita mzee huyo." Kisha akauliza, "Amezeeka?"

"Amezeeka."

"Anaumwa?"

"Hapana, magokoro. Ana nguvu."

Akaguna, akaendelea kumenya.

Tangu hapo siigizi tena. Bado naandika, na muswada ule wa kwanza nimeugeuza kuwa mchezo wa jukwaani. Nimeupeleka kumbi mbili, na kote wameniuliza kama una vichekesho. Yule mzee bado anasimama mbele kila Sabato. Majuzi nilipita nje ya kanisa akiongoza maombi, akiwaombea wajane, na waumini wakaitikia amina kwa sauti moja. Nilitema mate kando ya barabara, nikaendelea na safari yangu.