Kidole cha Msusi

Hakimu alilitupilia mbali lalamiko la msusi kabla mwenyewe hajakaa vizuri kwenye benchi. Hakusema mwenye nyumba hana hatia. Alisema karatasi zimekosewa: maelezo ya wanawake wanne yameandikwa kama ya mtu mmoja, na hakuna hata mmoja aliyekula kiapo mbele ya ofisa. Mwenye nyumba akatoka mahakamani kifua mbele, utadhani kavishwa nishani.

Kosa lilikuwa la saluni nzima. Pale kichwa kimoja husukwa na watu watatu, kila mtu na upande wake, wala hakuna anayeuliza nani kasuka wapi. Basi na lalamiko wakalisuka vivyo hivyo: huyu akatoa mwanzo, yule katikati, mwingine akamalizia, wakatia sahihi wote huku chai inapoa. Hata Bonge, msusi mwenzao, ambaye siku ya tukio alikuwa kwake akiuguza jino, alisimulia kwa mbwembwe jinsi mwenye nyumba alivyotaka kile chumba cha saluni ampe mpwa wake, msusi akagoma kutoka, naye akambamizia mlango wa chuma mkononi makusudi. Kidole cha shahada kikavunjika. Msusi bila kidole hicho ni msusi wa jina tu.

"Tuyaache, dada," Bonge alisema wakirudi. "Yule ana watu wake."

"Na mimi nina kidole changu! Yaache wewe na jino lako. Nataka kujua, aliyeona kwa macho yake ni nani?"

Wakamgeukia Mama Pacha. Ni yeye tu aliyekuwepo siku ile, na ni yeye tu aliyepanga chumba cha kulala kwa mwenye nyumba huyo huyo. Akainamia mkoba wake kutafuta kitana ambacho hakikupotea. Msusi alikasirika, akamwonea huruma, halafu akakasirika tena. Hakumbembeleza. Karani wa mahakama alikuwa amemweleza kwamba lalamiko lililoangushwa na utaratibu huweza kuletwa upya, kwa hiyo kesho yake akafunga safari peke yake hadi kwa ofisa wa viapo. Alieleza yote mwenyewe, bila wa kumdakia maneno. Hakuacha kitu.

Alipotoka alimkuta Mama Pacha kwenye benchi la nje, kakumbatia mkoba. Akaketi kando yake.

"Akinifukuza, nahamia kwako na wanangu."

"Godoro ni moja, shoga."

"Tutabanana. Ila usinipige mateke."

Karani wa ofisa akaita shahidi. Msusi, kwa mazoea, akainuka naye.

"Mmoja mmoja!" karani akafoka.

Mama Pacha alimshika msusi bega, akamkalisha.

"Kaa, dada. Nilichokiona mimi nitakisema mimi."