Siku Bibi Alipotoa Ushahidi

Mwezi uliopita nilikwenda Ilongero msibani, rafiki yangu, nikakuta mahakama ya mwanzo ya zamani imebomolewa. Nilisimama pale mpaka mwenyeji wangu akaniuliza kama naumwa.

Nilikuwa na miaka tisa nilipoingia mahakama ile. Tulikuwa tumehamia kijiji cha ujamaa mwaka huo, mvua ikagoma, uwele ukakauka kabla ya kutoa masuke. Baba alikuwa fundi cherehani mjini, Utemini, akiishi na mwanamke mwingine. Tangu mavuno yaliyopita hakuwa ametuletea hata debe la unga. Tulikula mlenda, na ugali siku ukipatikana. Shuleni nilikaa nyuma kabisa, maana gauni langu lilichanika mgongoni.

Mwalimu ndiye aliyemweleza mama kwamba ipo sheria mpya ya ndoa, inayomlazimu mume kumlisha, kumvika na kumpa makazi mkewe na watoto wake. Mama akaenda baraza la usuluhishi, baba hakutokea. Ndipo akafungua kesi. Majirani wakaacha kuja kuomba moto kwetu. Baba mdogo alikuja kumwambia mama kuwa mwanamke anayemshtaki mumewe asitegemee kuzikwa na ukoo ule. Bibi, mama yake baba, tuliyeishi naye, alikuwa pembeni anatwanga. Aliendelea kutwanga tu, na mama akaamini yuko upande wa mwanawe.

Asubuhi ya kesi bibi alitufuata nyuma njia nzima.

Baba alikuja na kaunda suti mpya aliyojishonea. Akamwambia hakimu kwamba mkewe ni mkaidi, amekataa kumfuata mjini, na kwamba ana shamba, ajilishe. Mama akajibu kuwa hajawahi kuitwa huko mjini. Mzee mmoja wa baraza, aliyekaa na hakimu, akamwuliza shahidi wake ni nani. Mama akainama.

Bibi akasimama. Baba akatabasamu.

"Mheshimiwa, huyu nimemzaa mimi," bibi alisema. "Anashonea mji mzima. Mtazame alivyovaa." Akanishika bega, akanigeuza mgongo wangu uwaelekee. "Na huyu ni mtoto wake."

Sikuuona uso wa baba. Nilikuwa nimeelekea ukutani, nasikia kalamu ya hakimu tu.

Baba akaamriwa alete chakula na nguo kila mwezi, la sivyo cherehani yake ikamatwe. Wiki iliyofuata alileta gunia la unga kwa baiskeli. Akalitua mlangoni, akampita mama yake bila shikamoo.

Bibi hakuula unga ule. "Hakimu amesema ni wa mke na mtoto," alimwambia mama, akaendelea kutwanga uwele kidogo alioomba kwa nduguze. Mama alimbembeleza mpaka akachoka.

Baba hakukosa mwezi hata mmoja hadi nikamaliza darasa la saba, na hakumsalimia mama yake hata mara moja. Leo wote watatu hawapo, na kule kijijini hakuna anayetwanga tena. Mashine za kusaga ziko kila upande. Watu wakisikia habari hii husema nilikuwa na bibi jasiri, nami huwakubalia. Ila mimi niliishi naye. Kila siku ya baba kuja, alioga mapema, akavaa khanga yake nzuri, akakaa karibu na mlango akingoja kusalimiwa.