Banda la Kuku Wanono

Hadi leo nikimwona mtu mzima akifyonza mfupa wa paja la kuku, hasira hunipanda.

Nilikuwa nafuga kuku wa kienyeji hapa Kitengela, na chakula cha dukani kilikuwa kimenichosha. Leo gunia lina mahindi, kesho ni vumbi tupu. Nikaanza kuchanganya changu: mahindi, mashudu ya alizeti, dagaa wa omena, na funza niliowafuga mwenyewe kwa mabaki ya sokoni. Wanawake wa chama chetu walikuwa tayari kununua mashine tusage pamoja, mradi mtu aliyesoma athibitishe kwamba chakula hicho kinafaa. Ndipo akaja mtafiti, daktari wa mifugo. Akagawa vifaranga wangu mabanda mawili: la kulia wale cha dukani, la kushoto wale changu. Mwishoni angewapima wote.

Alikuja kuwakagua mara kwa mara. Kuku walipoanza kutosha sufuria, kila daktari akija, mama mkwe wangu alitaka kumchinjia mmoja.

"Mama, hao ni wa utafiti," nilimwambia.

"Sasa daktari akule mboga ya sukuma kwa hii boma? Watu watasema aje?"

"Basi tuchinje wa banda la kulia."

"Hao ni mifupa tu. Unataka kuniaibisha?"

Aliingia banda la kushoto, akawapapasa vifua mmoja mmoja, akatoka na mnono kuliko wote. Huo peke yake ulikuwa ushahidi wa kutosha, kama kuna aliyeutaka. Daktari alikula, akasifu, akaongezewa supu. Nilipomwambia kwamba anakula utafiti wake mwenyewe, alicheka.

"Mmoja hawezi haribu kitu, mama."

Hakuwa mmoja! Kila safari alikula, na mara nyingine aliondoka na mwingine kwenye buti ya gari, miguu imefungwa kamba. Mama mkwe alimkabidhi kwa mikono miwili, naye akapokea kwa mikono miwili, mtu wa heshima kweli kweli. Simlaumu mama mkwe. Alifanya ambalo kila mwenye boma hufanya mgeni akija. Lakini yule daktari alijua vizuri kuku wale ni wa nini, na bado akanyoosha mkono kwenye sahani.

Siku ya kupima, wanawake wa chama walikuja wote. Banda la kulia lilikuwa limejaa. La kushoto walibaki wadogo wadogo, wale ambao mama mkwe aliona hawamfai mgeni. Daktari akawapandisha kwenye mzani wa magunia, akapiga hesabu ya wastani, akatangaza mbele ya wenzangu kwamba chakula changu kimeshindwa.

"Na wale walionona?" nikauliza.

"Mimi napima wenye wako hapa, mama. Data ni data."

Mwenyekiti wetu alikuwa ameshachukua mkoba wake, na mashine yetu ilikuwa inaondoka naye. Nikauvuta ule mzani katikati ya ua, nikaufuta kinyesi kwa leso yangu, nikamwambia daktari apande.