Mama Chini ya Shimo la Ndizi

Wengine wakisikia haya hucheka, na mimi siwakatazi, kwa sababu nami ni mtu wa kucheka na kuota ndoto za mchana. Lakini hii haikuwa ndoto. Niliingia kwa miguu yangu mwenyewe, nikatoka na udongo kwenye nywele.

Tulikuwa tumerudi kijijini kwetu Buhinyuza, mimi na baba, baada ya mimi kukulia kambini Tanzania. Mama hatukurudi naye. Siku ya kukimbia vita nilikuwa mgongoni kwa baba. Mama akageuka nyuma, akaingia kwenye migomba, hakuonekana tena. Hakuna aliyemwona amekufa. Hakuna aliyemzika. Sasa amani imekuja, ndugu wakasema baba hawezi kukaa na msiba usio na mwisho. Lazima tuganduke, yaani tuanue matanga: watu wanywe bia, marehemu apumzike, walio hai waendelee.

Na bia ya ndizi unajua inavyoanza? Ndizi mbichi hufukiwa shimoni, zikafunikwa majani na udongo mpaka ziive. Baba alilifukua shimo letu la zamani, tukazifukia humo.

Siku ya kuzitoa, jua la mchana likiwaka, baba alienda kwa jirani kuazima chombo cha kukamulia. Nikabaki peke yangu. Nilipoinua mkungu wa mwisho, chini ya shimo pakatitia, nikaporomoka kama gunia.

Niamini, kule chini hakukuwa na giza hata kidogo. Kulikuwa na vilima kama vyetu, na migomba kama yetu, ila mwanga ulitoka ardhini, kwa hiyo hakuna kitu chenye kivuli. Na watu! Miili yao ilipitisha mwanga kama kioo cha taa. Ukimtazama mtu kifuani unaiona migomba iliyo nyuma yake. Kila mmoja alikuwa na furushi kichwani. Wanalima nalo, wananyonyesha nalo, hawalitui.

"Mbona hampumziki?" nilimuuliza mzee mmoja.

"Tukitua, tutachelewa kurudi nyumbani," akasema. "Amani imefika? Bado wanatungoja?"

Nikapiga kelele kwa furaha: imefika! Nani asingefurahi? Wakanizunguka, wakaanza kuyakaza mafurushi yao.

Hapo akatokea msichana wa rika langu. Akanigusa kovu la moto nililo nalo kwenye paji la uso tangu utotoni, akaanza kulia na kucheka.

"Mwananje, mwanangu! Mrefu hivi! Ulikuwa unakula miti huko?"

Sikuwahi kuiona hata picha yake. Lakini mwili wangu ulimjua: mama, hajazeeka hata siku moja tangu alipoingia migombani.

"Mama, twende. Baba yuko hapo juu."

Akatikisa kichwa. Alikuwa amejificha ndani ya shimo lile siku ya vita, likamshusha huku. Anayetoka, akaniambia, ni yule anayeitwa kwa jina na mtu wa nyumbani ambaye bado anamngoja. Na mimi ningemwitaje? Mtoto hamwiti mama yake kwa jina. Lazima baba aje.

"Asipoamini, mwambie kuhusu redio aliyoifukia jikoni usiku wa kuamkia siku ya kukimbia. Ndiyo niliyoirudia, nikaisikiliza huku mpaka betri zikaisha."

Wakanipandisha kwa mabega yao.

Baba alikuwa amesharudi, na baba mdogo alikuwa ndiyo kwanza amefika kutoka Gitega na wageni. Nikayamwaga yote. Nilipotaja redio, baba alikaa chini.

"Hakuna aliyejua ila mimi na yeye," akanong'ona.

"We mtoto, iko unasema nini?" baba mdogo akafoka. "Mi natoka Gitega na batu ba familia, bakwe bako njiani, we unatuletea ndoto? Bon, kamua ndizi!"

Nilimshika baba mkono. "Baba, jina moja tu. Mwite."

Akanitazama kwa macho ambayo sitayasahau. "Nikimwita asiitike, nitakuwa nimemzika kwa mdomo wangu. Niache nilivyo."

Nilimsihi kila siku bia ilipokuwa ikichacha. Sikumweza. Siku ya shughuli watu walijaa uani, baba mdogo akasimama, akatangaza kwamba kilio cha mama yangu, Spesiyoza, kimekwisha. Nikapaza sauti, "Hajafa!" Shangazi akaniziba mdomo kwa kanga yake. Watu wakanywa.

Jioni, wageni walipotawanyika, baba alinifuata hadi shimoni. Mwanga mdogo ulikuwa bado unapenya kwenye ufa. Akapiga magoti, akaita kwa sauti ya kijana:

"Spesiyoza! Spesiyoza wangu, njoo nyumbani!"

Kisha sauti ikajibu kutoka chini, ya mzee yule niliyeongea naye.

"Huyo mmekwisha kumlilia. Ametua furushi lake. Mwiteni mwingine."

Mwanga ukazimika. Tulichimba mpaka majembe yakagonga mwamba.

Baba bado huenda pale, huita, hurudi bila kula. Nimejaribu kumchekesha kwa vituko vyangu vyote. Hucheka kwa kunionea huruma. Na mimi nina ndoto nyingi, ila hiyo ya kumwona mama akiingia mlangoni imekufa.

Wewe unayesoma, kama una mtu ambaye hukumwona akizikwa, usikubali wakusanyike kukunywesha bia yake. Waache waseme umechanganyikiwa. Nenda ukamwite leo, kabla hajatua furushi.