Nilivyomwimbia Mgeni wa Madam Wimbo wa Mateka

Hata leo nikisikia kwaya ikipasha sauti naona haya, kwa sababu mimi ndiye yule mtu aliyefukuzwa Jeddah na wimbo wa Kiitaliano, tena nikiuimba kwa hiari yangu, na aproni kiunoni.

Nilikuwa mfanyakazi wa ndani kule Jeddah, mtaa wa Al-Rawdah, na wiki hiyo madam alikuwa ameshakubali kunipa likizo ya miezi miwili nikamwone mwanangu Brayo, niliyemwacha hajaanza kutembea. Ilibaki tu baba (mumewe, aliyekuwa Riyadh kikazi) aseme sawa. Sasa akaja mgeni wa madam, mama wa Kiitaliano, mke wa injinia fulani, nami nikipeleka kahawa nikaona nijipendekeze kidogo.

"Madam, mimi najua wimbo wa kwao."

Na kweli niliujua, lakini vile tunavyojua sisi wanakwaya: do-re-mi ubaoni, maneno unakariri bila kuuliza, na ishara za mikono ndizo zinazoleta alama kwenye mashindano. Mwalimu wa kwaya yetu ya nyumbani alisema umetoka kwenye Zaburi, tukasema amina. Basi nikaweka sinia chini nikaimba, mikono mbele kama nimefungwa pingu, macho juu, na ubeti wa mwisho nikamnyooshea madam kidole kisha nikaonyesha mlango (hapo ndipo majaji walipotupenda).

Mgeni alilia. Madam akamwuliza wimbo unasema nini, naye, bila ubaya wowote, akaeleza yote: kwamba ni mateka ugenini wanalilia kwao, kwamba zamani nchi yake ilipotawaliwa na wageni watu waliufanya wimbo wao wa kudai nchi, na kuuimba mbele ya mtawala ilikuwa kama kumwambia afungashe virago.

"Madam, ni wa Zaburi," nikasema, nikitamani ardhi inimeze.

Madam akampigia baba, akaweka spika, akamsimulia mpaka zile pingu.

"Nani amemfunga?" baba akauliza.

"Hakuna, baba, ni ishara tu za mashindano."

Nani angeamini hiyo?

"Anataka kwao, aende kwao," akasema. "Halas, imekwisha. Asirudi."

Ndivyo nilivyoomba miezi miwili nikapewa maisha. Brayo aliponiona alikimbia akajificha nyuma ya mama yangu, nami nikaketi juu ya begi nikalia, maana kazi iliyokuwa inamlisha sina tena na yeye mwenyewe hanijui.

Siku hizi amenizoea, na kwayani nimerudi. Lakini tukipewa wimbo wa lugha ya watu nauliza kwanza unamwambia nani nini, na mwalimu akishindwa kujibu, nafungua mdomo tu, sauti sitoi.